Tela limelala, limeinua pua au limezidi mizani: tafuta chanzo kabla ya kugusa kimo

Malalamiko ya matela yanajirudia: limelala upande, limechuchumaa nyuma, linakula tairi za ekseli moja, uzito wa jumla uko sawa lakini kundi la ekseli limezidi. Na dawa inayokimbiliwa ni ileile. Kwenye springi inaongezwa pleti, kwenye upepo inazungushwa fimbo ya valvu. Mara nyingi kimo hakikuwa na kosa. Kilibadilika kwa sababu kuna kitu kimevunjika, kimelegea au kinavuja, na ukikirekebisha kimo bila kukigusa kile kitu, umekificha tu mpaka kikuangushe kwenye mlima wa Kitonga.

Mwongozo huu unahusu zaidi matela ya semi ya ekseli mbili na tatu yanayovutwa na kichwa. Matela madogo ya kuvutwa na pikapu yametajwa mwishoni.

Jua kwanza unachokibeba

Springi za pleti ndizo nyingi barabarani kwetu. Kila upande wa ekseli una furushi la pleti, limefungwa kwenye ekseli kwa yuu bolti mbili (bolti zilizopinda kama herufi U), na ndani yake kuna senta bolti inayozishika pleti zisisogee. Ncha za springi zinakaa kwenye hanga, yaani vishikio vilivyofungwa chini ya chesisi. Kati ya ekseli moja na nyingine ipo ikwalaiza, chuma kinachobembea ili ekseli moja ikipanda tuta, sehemu ya mzigo ihamie kwa jirani yake. Kuna rodi zinazoishika kila ekseli isirudi nyuma wala kwenda mbele. Ekseli inaweza kukaa juu ya springi au chini yake, na hilo peke yake hubadilisha kimo cha tela kwa kiasi kikubwa.

Upepo ni kitu kingine. Kila ekseli inashikwa na mikono miwili inayoanzia kwenye hanga, na nyuma ya ekseli, mwisho wa kila mkono, pana begi la mpira. Valvu ya kimo imefungwa kwenye chesisi, na fimbo nyembamba inaiunganisha na ekseli. Kwa tela la ekseli tatu, mara nyingi fimbo hiyo iko kwenye ekseli ya katikati. Chesisi ikishuka, fimbo inainua mkono wa valvu na upepo unaingia. Ikipanda, upepo unatoka. Mabegi yameunganishwa kwa paipu, kwa hiyo presha inakuwa moja na kila ekseli inabeba karibu sawa na mwenzake. Shika jambo hili, maana nusu ya makosa ya utambuzi yanatokana na kulisahau.

Ipo pia bogi, ambapo springi moja kubwa kila upande hubeba ekseli mbili kwa pamoja. Kwenye bogi mahali pa kwanza pa kukagua ni bushi za katikati, zile za ndani ya viungo zinazobebea pini. Mengine yote yafuatayo kuhusu springi yanaihusu vilevile.

Kupima bila kujidanganya

Simama kwenye saruji iliyo sawa. Changarawe ya yadi haifai. Hakikisha tairi zote ni saizi moja na presha yake imepimwa kwa geji, maana teke la utingo halipimi kitu. Tela liwe limeunganishwa na kichwa kile kile kinacholivuta siku zote. Sogea mbele mita chache polepole, simama bila kukanyaga breki kwa nguvu, weka kabari kwenye tairi za kichwa, kisha achia breki za tela. Hatua hii ya breki watu huiruka. Ekseli zikiwa zimefungwa na breki haziwezi kuzunguka kidogo kama zinavyotaka, sasipensheni inabaki imejikaza, na kipimo unachokisoma ni cha uongo.

Kimo chenyewe ni umbali kutoka katikati ya ekseli hadi uso wa chini wa chesisi, pale hanga ilipofungwa. Pima kila ekseli, kulia na kushoto, uandike. Halafu pima kutoka chini hadi chesisi sehemu ya kingpini (pini ya mbele inayoliunga tela na kichwa), na tena nyuma kabisa ya tela. Vipimo hivi vikiwa kwenye karatasi, ugomvi wa "mimi naona limelala" unakwisha.

Kimo sahihi kinasomwa kwenye bati au stika ya mtengenezaji wa sasipensheni, au kwenye kitabu chake. Usikichukue kwa tela la jirani hata kama rangi na jina ni moja. Watengenezaji wa ekseli kama BPW au SAF wanatengeneza mikono na viti vya aina nyingi, na matela mawili yaliyotoka kiwanda kimoja yanaweza kutofautiana sentimita kadhaa kwa makusudi.

ONYO linalohusu kila kinachofuata: usiingie chini ya tela linaloshikiliwa na upepo au jeki tu. Begi likipasuka au paipu ikichomoka, chesisi inashuka papo hapo. Weka stendi imara chini ya chesisi. Na usifungue paipu ya begi kabla ya kutoa upepo wote.

Tela la upepo limechuchumaa, haliinuki

Anza na mkono wa kupandisha na kushusha. Karibu kila tela la upepo lina kitasa pembeni cha kushusha au kuinua wakati wa kupakia. Kikiachwa nje ya nafasi ya safari, valvu ya kimo haifanyi kazi kabisa. Matela mengine yanajirudisha yenyewe yakianza kutembea, mengine hayajirudishi mpaka mtu akumbuke. Nimeona valvu mpya ikinunuliwa kwa sababu ya kitasa.

Pili, upepo wenyewe upo? Ipo valvu ya ulinzi inayozuia sasipensheni isinyang'anye upepo wa breki. Mara nyingi hufunguka presha ya matanki inapofika karibu bar 6. Kompresa ya kichwa ikiwa imechoka na geji inaganda kwenye 5 na nusu, breki zitafanya kazi lakini tela litabaki limekaa. Hapo kosa liko kwenye kichwa. Kamwe usiiondoe wala kuiruka hiyo valvu ya ulinzi ili tela liinuke haraka: siku begi litakapopasuka, litaondoka na upepo wa breki zako.

Tatu, angalia fimbo ya valvu. Imechomoka? Mpira wa kiungo umeoza? Imepinda baada ya kukanyaga gogo? Ni kitu cha bei ndogo na ndicho kinachotangulia kufa kwenye barabara mbovu.

Nne, uvujaji. Injini ikiwa imezimwa na matanki yamejaa, paka povu la sabuni kwenye viungo vya paipu, kwenye mkunjo wa chini wa begi ambapo mpira unajikunja juu ya kikombe chake, na kwenye tundu la kutolea la valvu. Kushuka kidogo usiku kucha kwa tela la umri si ajabu. Kushuka ndani ya saa moja ni uvujaji wa kutafutwa siku hiyo hiyo. Valvu ikivuja kwenye tundu lake wakati mkono uko katikati, ndani yake kumechafuka: maji na mafuta kutoka kwa kompresa, au vumbi. Toa maji kwenye matanki ya tela, safisha chujio la paipu, ndipo ubadilishe valvu. Ukibadilisha valvu na kuacha maji ndani ya tanki, utarudi dukani.

Uzito umeuweka wa mwisho? Ndiyo, kwa makusudi. Tela la upepo lililozidishiwa mzigo kwa kawaida halichuchumai. Valvu inaendelea kuingiza upepo mpaka kimo kirudi, na kwa macho kila kitu kiko sawa. Upepo huficha mzigo. Ndiyo maana geji ya presha kwenye laini ya mabegi ni kifaa cha kufungwa na kila mwenye tela. Ukipimwa mizani andika tani za kundi la ekseli za tela na presha ya mabegi wakati huo. Baada ya safari kadhaa zenye uzito tofauti unakuwa na jedwali la tela lako mwenyewe, na unaweza kujua pale bandarini kama umezidi kabla hujafika mizani ya Vigwaza au Mariakani. Jedwali hilo ni la kweli kimo kikiwa sahihi tu, kwa sababu begi lililobonyea au lililonyooka kupita kiasi halibebi uzito uleule kwa presha ileile. Geji ifungwe na fundi anayejua laini za breki: kwenye matela mengi mfumo wa breki unasoma presha hiyo ya mabegi ili kujua nguvu ya kukaba, na kiungo kibaya hapo kinaharibu breki.

Tela la upepo limekaa juu mno na linadunda

Sababu ya kwanza tena ni kitasa. Ya pili ni fimbo iliyorefushwa na mtu, kwa kawaida ili tela likwepe matuta. Ya tatu ni valvu iliyoganda ikiwa imefunguka.

Usiendelee na safari hivi. Shokapu zikinyooka mpaka mwisho ndizo zinazozuia ekseli isianguke, na hazikutengenezwa kufanya kazi hiyo safari nzima. Zitang'oka, au begi litavutwa litoke kwenye kiti chake. Kama valvu imeganda na uko porini, zima, toa upepo kwenye mabegi kwa kitasa, nenda taratibu sana mahali salama likiwa limekaa kwenye mipira ya ndani ya mabegi, bila mwendo na bila ubishi. Mipira hiyo ni ya kufika mahali pa fundi, haikutengenezwa kwa ajili ya kufika mpakani Tunduma.

Tela limelala upande mmoja

Kwenye springi, orodha ni hii kutoka linalotokea sana:

1. Mzigo umekaa upande. Tazama kabla ya kuchukua spana. Magunia yanayohama na kontena lililopangwa vibaya ndani ni kisa cha kila siku. Pima tena likiwa tupu: likinyooka, huenda chuma hakina kosa.
2. Tairi. Presha ndogo upande mmoja, au mpya upande huu na kipara upande ule.
3. Pleti imekatika. Safisha matope kwanza, kisha pita kwa tochi na vidole. Ufa huanzia mara nyingi kwenye senta bolti au karibu na ncha. Kutu nyekundu inayotoka kati ya pleti kama chai ni dalili ya pleti iliyokatika inayosugua.
4. Springi imechoka, imenyooka bila kukatika. Linganisha upinde wake na wa upande wa pili.
5. Bushi na pini za ikwalaiza zimekwisha, au hanga imepasuka kwenye chomeo.
6. Chesisi imejipinda. Hapa umefika mwisho wa kazi ya yadi.

Springi zibadilishwe kwa jozi, kulia na kushoto za ekseli ile ile. Springi mpya dhidi ya iliyochoka inalilaza tela upande mwingine, na unarudi mwanzo. Pleti iliyokatika haichomelewi. Chuma cha springi kimepikwa kwa joto maalumu, moto wa kuchomelea unakiua pembeni ya chomeo, na kitakatika hapo hapo na mzigo juu.

Kwenye upepo mambo yanageuka, na hapa ndipo watu wanapotupa pesa kwa kubadilisha begi la upande uliolala. Kama mabegi ya kulia na kushoto yanapata upepo kutoka valvu moja, begi linalovuja litalishusha tela lote, halitalilaza upande. Kinacholizuia tela la upepo lisilale ni ugumu wa mikono na ekseli zikiwa kitu kimoja. Kwa hiyo tela la upepo likilala, kagua mahali mkono unapofungwa kwenye ekseli: yuu bolti zilizolegea, kiti kilichopasuka. Halafu bushi ya mbele ya mkono kwenye hanga. Mwambie mwenzako akabe breki ya tela na asukume kichwa kidogo mbele na nyuma huku wewe unatazama kutoka pembeni, si chini. Mkono ukicheza mbele na nyuma ndani ya hanga, bushi imekwisha. Paipu iliyobanwa upande mmoja nayo hutokea, lakini hiyo huonekana zaidi kama upande unaochelewa kuinuka kisha unafika.

SIMAMA uite fundi wa ekseli ukikuta ufa kwenye mkono, kwenye ekseli yenyewe, au kwenye hanga pale ilipochomelewa na chesisi. Ekseli haichomelewi na mtu wa geti na mlango, hata akiwa hodari.

Pua iko juu, au tela limeinamia mbele

Tatizo hili linazaliwa siku kichwa kinapobadilishwa. Tela lililonunuliwa na kichwa cha Ulaya cha ekseli mbili, ambacho sahani yake ya kuunganishia iko chini, linafungwa kwenye kichwa kilicho juu zaidi cha 6x4 (ekseli tatu, mbili zikivuta), na pua inapanda. Tela halijaharibika. Halikutengenezwa kwa kimo hicho.

Ubaya wake ni upi? Chukua tela ambalo kutoka kingpini hadi ekseli ya katikati ni mita 7.7, na ekseli zimeachana mita 1.31. Pua ikipanda sentimita 5, chesisi juu ya ekseli ya mwisho inakuwa chini kuliko juu ya ekseli ya kwanza kwa karibu milimita 17. Kwenye springi ngumu ikwalaiza zitasaidia sehemu, ila zikiwa zimeganda kwa kutu na grisi kavu hazisaidii kitu: ekseli ya mwisho inabeba zaidi, na pua ikiwa chini mzigo unakwenda ekseli ya kwanza. Kwenye upepo presha ni moja hivyo uzito unagawanyika vizuri zaidi, lakini mikono na shokapu za ekseli moja zinafanya kazi karibu na mwisho wa mwendo wake.

Hatua kwa mpangilio. Pima kingpini na nyuma kama ilivyoelezwa juu. Tofauti ya sentimita mbili haistahili kugusa chochote. Ikiwa kubwa, angalia kama springi za nyuma za kichwa zimeongezwa pleti, au mabegi ya kichwa yana kimo kisicho chake. Kisha fikiria sahani yenyewe: zipo za vimo tofauti na viti vya kuinulia vya kiwanda. Kulibadilisha tela ni chaguo la mwisho, kwa sababu kesho litavutwa na kichwa kingine.

Kumbuka pia kimo cha jumla kutoka chini hadi juu ya mzigo. Ukiinua nyuma ili kulingana na pua, kontena la kimo kikubwa limepanda pamoja nayo, na madaraja na nyaya hazitakuuliza sababu.

Jumla iko sawa, kundi la ekseli limezidi

Sheria ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya kudhibiti uzito wa magari inaruhusu tani 8 kwenye ekseli ya usukani, 18 kwenye ekseli mbili za kuvuta, na 24 kwenye ekseli tatu za tela zenye tairi mbili mbili. Kwa semi ya ekseli sita hiyo ni tani 50, na kikomo cha gari lolote ni 56. Unaweza kuwa na tani 49 na bado ukashushwa mzigo, kwa sababu 26 zimelala kwenye tela.

Kwanza, mzigo umepangwa wapi? Sogeza mbele. Sentensi hiyo fupi inatatua sehemu kubwa ya kesi. Pili, sahani ya kuunganishia kama inasogea kwenye reli zake: kuisogeza hubadilisha mgawanyo kati ya usukani na ekseli za kuvuta, lakini hailitoi tela lenyewe kwenye shida yake. Wengi wanaisogeza wakitarajia tela lipungue. Halitapungua. Tatu, jinsi ulivyoingia kwenye mizani. Ukikanyaga breki kwa ghafla juu ya sahani ya mizani, mikono ya sasipensheni inajikaza na ekseli zinasomeka tofauti. Ingia taratibu, achia breki unapoambiwa, usubiri tela litulie.

Ekseli moja peke yake ikizidi wenzake ndani ya kundi, ndipo kosa la chuma linatafutwa. Kwenye springi mtuhumiwa wa kwanza ni pleti ya ziada iliyotiwa kwenye ekseli hiyo. Springi ngumu kuliko jirani zake inajivutia mzigo. Wa pili ni ikwalaiza iliyoganda, wa tatu ni pua. Kwenye upepo, tafuta paipu iliyobanwa au begi la aina tofauti na mengine.

Na tuseme wazi kuhusu pleti ya ziada, kwa kuwa inasifiwa kila kijiwe. Haiongezi uwezo wa ekseli, beringi, breki wala tairi. Inaongeza ugumu tu. Tela likiwa tupu linaruka, tairi zinakula kwa vipande, na breki zinashika lami nusu nusu. Kama springi zimechoka, weka mpya za idadi iliyopangwa na kiwanda.

Tairi zinakula upande, tela linatembea kiubavu

Dereva wa nyuma ndiye hukuambia: tela linafuata kichwa kama kaa. Kagua senta bolti kwanza. Ikikatika, ekseli inateleza upande mmoja juu ya springi, na yuu bolti zilizolegea ndizo huikata. Utaona alama ing'aayo pale kiti kilipokuwa. Kisha rodi za ekseli na bushi zake. Kisha beringi za gurudumu: inua, tikisa juu na chini. Ekseli iliyopinda ni ya mwisho, baada ya shimo kubwa au ajali.

Upangaji unaweza kukaguliwa kwa tepu ya chuma na mtu wa pili. Pima kutoka katikati ya kingpini hadi mwisho wa ekseli ya kwanza, kulia na kushoto, kwenye sehemu zinazofanana. Tofauti isizidi milimita 3. Halafu kutoka ekseli ya kwanza hadi ya pili, na ya pili hadi ya tatu, pande zote mbili: hapo tofauti isizidi milimita 1.5 hivi. Kingpini iko juu na ekseli iko chini, hivyo shusha uzi wenye timazi ili upime kwenye usawa mmoja.

Yuu bolti mpya hukazwa kwa spana ya toki (inayopima nguvu ya kukaza), kwa mzunguko wa msalaba, uzito wa ekseli ukiwa juu ya springi. Kwa M24 watengenezaji wengi wanataja Nm 600 hadi 700, lakini namba ya kitabu chako ndiyo inayotawala. Zikague tena baada ya safari ya kwanza yenye mzigo, kwa sababu pleti na viti hujilaza. Yuu bolti iliyokwisha kufunguliwa haifungwi tena. Imevutika, na ndiyo mwanzo wa senta bolti ya kesho.

Kurekebisha kimo cha upepo, ikiwa kweli ndicho kosa

Umefika hapa kwa sababu hakuna kilichovunjika wala kinachovuja, na kipimo bado hakilingani na bati.

Tela tupu au kama kitabu kinavyosema, limeungwa kwenye kichwa chake, kabari zimewekwa, breki za tela zimeachiwa, presha ya matanki imezidi bar 6 na nusu, kitasa kiko nafasi ya safari. Chomoa fimbo kutoka kwenye mkono wa valvu. Inua mkono huo kwa kidole: upepo unaingia. Valvu nyingine huchelewa sekunde kadhaa, usizipige. Kimo kikifika, rudisha mkono katikati. Valvu nyingi zina tundu dogo la kupitisha pini ya kuushikilia hapo. Sasa rekebisha urefu wa fimbo mpaka iingie kwenye mkono bila kuuvuta wala kuusukuma. Kaza, toa pini. Shusha upepo kwa kitasa, rudisha nafasi ya safari, acha lijiinue lenyewe, tembea mita chache, upime tena. Likirudi mahali palepale mara mbili, kazi imekwisha.

Baada ya hapo pita na tochi kwenye kila begi. Lizungukwe na nafasi pande zote, lisiguse chemba ya breki wala paipu. Mabegi yanayopasuka mfululizo sehemu moja huwa yanasuguliwa, au yana mchanga na mawe yaliyokaa kwenye mkunjo wa chini, au kimo kiliwekwa juu kuliko kile ambacho begi limetengenezewa.

Kwa springi hakuna skrubu ya kuzungusha. Kimo hubadilishwa kwa vibao vya chuma kati ya ekseli na springi, vilivyotengenezwa kwa kazi hiyo, na yuu bolti ndefu zaidi, ekseli zote kwa kipimo kimoja. Mbao na vipande vya reli havimo. Kubadilisha hanga au kuhamisha ekseli kutoka chini ya springi kwenda juu ni kazi ya karakana yenye mhandisi. Halafu kuna jambo linalosahaulika hata huko: matela mengi ya springi yana valvu ya breki inayosoma mzigo kwa fimbo iliyounganishwa na ekseli. Ukibadilisha springi au kimo bila kuipanga upya, valvu inadhani tela liko tupu likiwa limejaa, au kinyume chake. Tela likitoka karakana bila valvu hiyo kupangwa na breki kupimwa, usilipokee.

Matela madogo ya pikapu

Yenye ekseli ya mpira wa msokoto hayarekebishwi kwa mpira wenyewe. Mikono ikiwa imepanda kupita pembe yake ya kiwanda tela likiwa tupu, mpira umechoka na ekseli nzima hubadilishwa. Kwa mengine, tatizo la pua juu au chini linamalizwa kwenye kiungo cha kuvutia: tafuta mpira au kibao cha kimo tofauti upande wa gari, tela likae sawa likiwa na mzigo wake wa kawaida. Likiinamia nyuma huanza kuyumba kwenye mwendo. Ukilihisi linayumba, ondoa mguu kwenye mafuta bila kukanyaga breki ghafla, uache mwendo upungue wenyewe, kisha simama na uhamishe mzigo mbele.